Mvua ya Upande wa Kushoto

Nyumbani kwangu hapa Bariadi ninayo milango kumi na mmoja ambayo haifungui chumba chochote. Imeegemea ukuta wa uani: mmoja wa bluu, mmoja wa kijani, mmoja umepigwa shoka katikati na mwizi wa kuigiza ambaye siku hizi ni mzee wa kanisa. Majirani walishazoea. Mgeni akiuliza, humjibu, "Ah, huyo mama alikuwa kwenye mambo ya filamu," na mgeni hutikisa kichwa kwa huruma kana kwamba ametajiwa ugonjwa.

Juzi mlikuja vijana watatu kuazima mlango wa kijani. Niliwapa. Mkakaa, mkanywa chai, mkaniambia mnataka kupiga filamu yenye mvua kubwa, nami nikainuka kitini kwa furaha bila hata kulisikiliza goti langu. Nikawauliza, mvua mtaitengeneza kwa kitu gani? Mmoja wenu, binti mwenye miwani, akanijibu kwa upole kabisa, "Mama, mvua tunaiweka kwenye kompyuta."

Nilicheka mpaka chai ikamwagika. Si kwa dharau, binti yangu. Nilicheka kwa sababu mvua yangu ya kwanza nusura inifukuzishe kazini na nyumbani kwa baba, vyote kwa wakati mmoja, na wewe unainyesha kwa kidole. Siku ile mliondoka haraka mkiwahi mwanga, kwa hiyo nimeona niwaandikie.

Kazi yangu kwa zaidi ya miaka ishirini ilikuwa kutengeneza kila kitu kwenye picha ambacho si mtu. Ukuta, mlango, kaburi, duka, damu, moshi. Mwanzoni waliniita "dada wa vifaa". Baadaye wakaniita "fundi". Mwishoni kabisa kwenye filamu wakaandika "mbunifu wa mandhari", na siku nilipoliona neno hilo limekaa chini ya jina langu nilitembea mjini wiki nzima kama mtu aliyeolewa upya.

Aliyenifundisha ni fundi Shomari, seremala wa Dar es Salaam, mtu mfupi mwenye penseli sikioni na chakula mdomoni saa zote. Mimi nilikwenda Dar kujifunza ushonaji, nikawa nashona mavazi ya kikundi cha maigizo, na siku moja Shomari alikuja kutafuta mtu wa kumshonea ukuta. Ndiyo, kushona ukuta. Ulikuwa wa kitambaa, unapakwa rangi, unasimama kama matofali. Nilipoona watu wanauegemea kwa tahadhari, wakati nimeushona mimi kwa cherehani ya mguu, nilijua ushonaji wa magauni nimeuaga.

Shomari alinifundisha kwamba ukuta huzeeka pale unapoguswa. Ukitaka nyumba mpya ionekane ya zamani, usiichafue ovyo. Anza kando ya swichi ya taa, halafu usawa wa mabega pale watu wanapoegemea, halafu chini kabisa panapopita ufagio. Majani ya chai yaliyochemka sana, masizi kidogo ya sufuria, kitambaa kibichi. Basi. Mpaka leo nikiingia nyumba ya mtu naangalia kwanza kando ya swichi, na najua ndani mnaishi wangapi.

Damu tuliitengeneza kwa choya, yale maua mekundu ya juisi, iliyochemshwa na sukari mpaka ikawa nzito. Inapendeza sana. Ila msimlaze marehemu chini zaidi ya dakika tano, maana sisimizi hawajui kwamba ni filamu. Nimewahi kuona maiti ikiruka juu, ikavua shati, na mjane wake akaanguka kwa kicheko juu ya jeneza.

Na hapa hapa Bariadi niligeuza duka tupu kuwa kituo cha polisi. Kaunta, benchi, daftari kubwa, mwigizaji wetu ndani ya sare. Tulikwenda kula. Tuliporudi tukamkuta mzee mmoja kutoka Sapiwi ameketi kwenye benchi, kofia magotini, anatoa malalamiko kwamba mbuzi wa jirani wamemaliza matembele yake yote. Mwigizaji wetu alikuwa na moyo mwema, hakuweza kumkatiza, akawa anaandika. Ilibidi tumweleze mzee ukweli. Alitazama kuta, akatazama sare, akasema, "Lakini huyu kijana amenisikiliza vizuri." Akaaga, akaenda zake ameridhika.

Sasa mvua.

Baba yangu, Mzee Masanja wa Nkololo, alikuwa mkulima wa pamba mwenye ng'ombe wachache na maneno machache zaidi. Kila nilipokwenda likizo tulisalimiana kwa Kisukuma, mhola, mhola duhu, kisha akaniuliza swali lile lile: "Limi, hiyo unayofanya ni kazi?" Nikimweleza kuhusu ukuta wa kitambaa, alisikiliza mpaka mwisho, halafu akasema, "Kwa hiyo ni uongo wa mchana kweupe." Hakuwa anagombana. Alikuwa anauliza kweli, na mimi nilirudi Dar na lile swali tumboni kila mara.

Basi nikapata nafasi yangu ya kwanza ya kusimamia mandhari yote peke yangu. Dairekta aliitwa Deo, kijana wa Dar, mwembamba, mwenye haraka. Hadithi ilikuwa ya binti aliyetoroka nyumbani, anarudi baada ya miaka, anapiga magoti uani mbele ya mama yake, na mvua inawanyeshea wote wawili. Deo alitaka boma la Kisukuma la kweli. Mdomo wangu ukasema, "Baba yangu ana boma zuri Nkololo," kabla akili haijafika.

Baba alikubali kwa sharti: "Siku tatu. Na usinitie aibu hapa kwetu." Nilikubali. Moyoni niliweka sharti langu pia: siku ya tatu baba aone kwamba hii ni kazi.

Tulifika wakati wa ukame wa katikati ya msimu. Pamba ilikuwa imefika magotini, majani yamelegea, na watu wanaangalia mawingu kuliko wanavyoangaliana. Maji yalichotwa kwenye visima vya mchanga mtoni, yakaletwa kwa mkokoteni wa ng'ombe. Na mimi ndimi niliyekuja kumwaga mvua ya uongo katikati ya watu wanaosubiri ya kweli. Mtu mzima mwenye akili angeliona hilo kabla ya kupakia mizigo. Mimi nilikuwa naona jina langu tu.

Sikuwa na gari la zimamoto, lakini Nkololo kuna kitu ambacho Dar hawana: mabomba ya mgongoni ya kupulizia pamba. Nilikusanya manane, yote mapya ya msimu ule, hayajaonja dawa. Sikilizeni vizuri, hapa sicheki: bomba lililowahi kubeba dawa usilitumie kwa mtu, hata ulioshe mara mia. Nilitafuta akina mama wanane wenye mikono ya kazi, nikawapanga juu ya mikokoteni miwili, nikamwambia shangazi Kwandu, dada mkubwa wa baba, awe kiongozi wao. Hapakuwa na haja ya kumwambia. Alikuwa ameshajiteua.

Siku ya kwanza tukapulizia. Waigizaji walilowa, akina mama walipiga vigelegele, mimi nikaona mvua ya ajabu kabisa. Deo akaniita kwenye televisheni yake ndogo iliyounganishwa na kamera.

"Limi, mvua iko wapi?"

Nikatazama. Alionekana mwanamke aliyepiga magoti akiwa amelowa, kama mtu aliyemwagiwa maji ya kuoshea vyombo. Tone hata moja halikuonekana. Tulirudia mara tatu, mapipa mawili yakaisha, na baba, aliyekuwa amekaa kwenye kigoda mlangoni, aliangalia maji yale yakinywewa na vumbi.

Siku ya pili asubuhi nikakumbuka kwamba Shomari aliwahi kuniambia, huku anatafuna muhogo, kwamba maji ya mvua hutiwa maziwa ili kamera iyaone. Nikaenda zizini kwa shangazi Kwandu, mwenye mamlaka yote juu ya maziwa ya boma lile.

"Mwangaluka, shangazi," nikamwamkia.

"Mwangaluka, ng'wanawane, mwanangu."

"Naomba maziwa. Ndoo mbili."

"Wageni wako wanakunywa sana. Wabarikiwe."

"Si ya kunywa, shangazi. Ni ya kutia kwenye bomba. Ya kumwaga."

Aliacha kukamua. Ng'ombe naye, nawaapia, aligeuza shingo akanitazama. Mimi niliyezaliwa katika boma lile, niliyechapwa nikiwa na miaka sita kwa kumwaga kibuyu kimoja tu, nilikuwa nimesimama pale na viatu vyangu vya Dar naomba ndoo mbili za maziwa nikayamwage chini, wakati wa ukame, mbele ya ng'ombe mwenyewe.

"Mayu wee! Masanja!" shangazi alipaza sauti. "Njoo umsikie mtoto wako! Ulimwita Limi, ulimwita jua, sasa leo anataka kunyesha, tena kwa maziwa yetu!"

Baba alikuja. Alisikiliza mpaka mwisho, kama kawaida yake.

"Jana maji," akasema. "Leo maziwa. Kesho utaniomba nini, Limi, damu ya ng'ombe?"

"Baba, ni kwa ajili ya kazi."

"Nimeangalia jana kutwa. Nimeona watu wanalowa. Kazi sijaiona." Akashusha sauti. "Kesho ndiyo siku ya tatu. Kesho jioni wageni wako waondoke. Na wewe fikiri kama utaondoka nao, au utabaki hapa utusaidie pamba."

Nikamweleza Deo. Naye, bila ubaya, akasema kama mvua haitaonekana kesho, onyesho hilo tutalipigia Dar na atamchukua mtu mwingine wa mandhari. Kwa hiyo nilikuwa na siku moja, na baba na Deo wote walikuwa wanasubiri kitu kimoja. Nililia kidogo nyuma ya zizi. Mbuzi mmoja akaja akala kona ya karatasi yangu ya michoro. Nikaanza kucheka huku nalia, na ukishafika hapo ujue umepona.

Siku zile simu ilishika mtandao juu ya jiwe kubwa tu, upande wa magharibi wa kijiji. Nikapanda, nikampigia Shomari.

"Maziwa?" akasema, na nikamsikia anatafuna. "Maziwa ni ya mwisho kabisa, mama, ukishindwa yote. La kwanza nilikwambia nini?"

"Hukuniambia la kwanza."

"Sikukwambia?" Akameza. "Basi nilikuwa nakula. Jua lilikuwa wapi mlipopiga?"

"Nyuma ya kamera."

Alicheka mpaka nikadhani mtandao umekatika. Kisha akanipa somo ambalo nawapa nyinyi bure: mvua haionekani kwa sababu ipo, inaonekana kwa sababu imewashwa kwa nyuma. Jua liwe mbele ya kamera, pembeni kidogo, mvua iwe katikati, na nyuma ya mvua pawe na kitu cheusi. Tone hung'aa mbele ya giza. Mbele ya ukuta mweupe halipo. Na uiondoe ile pua ya bomba inayotoa ukungu, maji yatoke mazito, tena uyarushe juu yaanguke yenyewe, maana mvua hairushwi kwa mtu, inamwangukia.

Niliteremka lile jiwe kwa makalio, kwa haraka.

Siku ya tatu nilianza kabla ya chai. Ukuta wa zizi niliukandika udongo mweusi wa mbugani, ule unaoshika gumboti hauachii, nikauchanganya na vumbi la mkaa. Kamera nikaigeuza ielekee magharibi. Halafu nikafanya jambo ambalo hakuna aliyenifundisha. Nilitandika maturubai mawili pale chini, nikayafunika kwa udongo kidogo yasionekane, nikayainamisha kuelekea kwenye hori la kunyweshea ng'ombe. Maji yote ya mvua yangu yangeteremka mpaka kwenye hori. Nikamwita baba aone.

Aliyazunguka yale maturubai. Akamwaga kikombe kimoja cha maji juu yake, akayafuata kwa macho mpaka horini.

"Kwa hiyo ng'ombe watakunywa mvua yako," akasema.

"Watakunywa, baba."

Alisogeza kigoda chake karibu.

Tulitaka saa kumi na moja jioni, jua likiwa limeinama. Saa kumi akina mama wanane walikuwa mikokotenini, mabomba mgongoni, shangazi Kwandu akiwapangia zamu kana kwamba ni kwaya. Saa kumi na nusu wingu likatoka upande wa ziwa. Wingu jeusi, kubwa. Likafunika jua langu.

Na ikanyesha.

Ikanyesha ya kweli, wanangu! Baada ya wiki nyingi za vumbi! Akina mama wakayatupa mabomba, wakaruka chini, wakaanza kucheza. Shangazi Kwandu alivua kilemba akakipeperusha. Mwigizaji wetu mkuu aliyetakiwa kulia alikuwa anaruka matopeni mikono juu. Baba alisimama katikati ya uwanja, kofia ameivua, uso ameuelekeza juu, macho amefumba. Mimi nilipiga kelele ambazo sijawahi kuzipiga tena mpaka leo.

Deo alikuwa anaruka pia. "Mvua ya bure! Limi, mvua ya bure! Kamera, piga!"

Nikakimbilia kwenye televisheni yake ndogo. Nikatazama. Nikamwita naye atazame.

Hakuna mvua. Mungu ananyesha kwa mikono miwili, na kwenye picha kuna watu waliolowa tu, wanarukaruka bila sababu. Jua lilikuwa nyuma ya wingu. Shomari alisema kweli: mvua haionekani kwa sababu ipo.

Ilinyesha karibu nusu saa, kisha ikapungua ikabaki rasharasha. Na chini ya lile wingu, kule magharibi, pakafunguka upenyo wa rangi ya chungwa na jua likachungulia. Mwanga ukaja ukipita juu ya ule ukuta mweusi, moja kwa moja uani. Nilikadiria dakika kumi, pengine pungufu.

"Mabomba!" nikapiga kelele. "Mabomba jamani! Juu ya mikokoteni!"

Akina mama wakanitazama, maji yanawatiririka puani.

"Ya nini tena?" akasema shangazi Kwandu. "Mvua hii hapa. Unataka kumwongezea Mungu?"

"Haionekani, shangazi! Ya Mungu haionekani!"

Wakaanguka kwa kicheko. Wengine walishikana, hawawezi kusimama. Nilijaribu kueleza habari ya mwanga na giza la nyuma, na kadiri nilivyoeleza ndivyo walivyozidi kucheka. Jua lilikuwa linashuka. Nikaona dakika zangu zinakwisha, na kazi yangu, na jibu la lile swali.

Baba akavaa kofia yake. Akaenda kwenye mkokoteni wa kushoto, akaokota bomba matopeni, akalitia mgongoni kama anavyolitia kila msimu, akapanda. Akanitazama kutoka kule juu, mvua ya kweli inamdondoka ukingoni mwa kofia.

"Limi," akasema, "unataka ianguke wapi?"

Nilionyesha kwa mkono.

Shangazi Kwandu alipoona kaka yake yuko juu, alifunga kilemba upya. "Haya, mmesikia! Pandeni!" Wakapanda. Deo akapaza sauti, waigizaji wakapiga magoti, na mvua yangu ikapanda juu, ikageuka kwenye lile jua, ikaanguka. Kila tone lilionekana. Nyuma yake ukuta mweusi, mbele yake binti anamlilia mama yake kweli kweli, kwa sababu alikuwa amechoka na amefurahi. Katikati ya onyesho ng'ombe wanne wakaingia polepole upande wa kulia, wakaenda moja kwa moja kwenye hori, wakaanza kunywa. Deo alitaka kusimamisha, nikamziba mdomo kwa mkono wangu wenye udongo. Ndiyo picha nzuri kuliko zote nilizowahi kufanya, na ng'ombe sikuwapanga mimi.

Filamu ilipokamilika nilirudi nayo Nkololo. Tuliionyesha mchana darasani, madirisha tumeyaziba kwa magunia ya pamba, maana mwaka ule magunia yalijaa. Watu walikaa mpaka juu ya madawati. Onyesho la mvua lilipofika, walio nyuma wakainuka waone vizuri. Baba, aliyekuwa ameketi mbele, alisimama, akaenda mpaka kwenye shuka lililokuwa ukutani, akaligusa kwa kidole pale maji yanapoangukia, akawageukia watu.

"Hii ya kushoto," akasema, "hii ni yangu."

Akaomba mkanda urudishwe nyuma. Tuliurudisha mara nne. Kila mara alisimama, akaonyesha, na kila mara watu wakapiga makofi. Mara ya tano akaja akakaa kando yangu. Nikasubiri swali lake, ninalijua kwa moyo.

Aliniinamia sikioni.

"Limi," akasema, "kesho tunafanya kazi wapi? Bomba nimeshaliosha."